Kubadilisha kulanti ya gari Mombasa: baridi hatuna, chumvi tunayo

Kuna kauli utaisikia kwenye gereji nyingi za Mombasa: "Kulanti ni ya watu wa bara, wa baridi. Hapa kwetu tia maji, gari litakwenda." Kauli hiyo ina chembe ya ukweli. Kulanti, kioevu kinachochanganywa na maji ya kupoza injini, huzuia maji yasigande ndani ya injini, na kisiwani humu hakuna asubuhi itakayogandisha chochote. Lakini hiyo ni kazi moja tu. Zipo mbili nyingine zinazotuhusu sisi: kuchelewesha kuchemka, na kuzuia kutu. Hii ya kutu, kwa maji tunayotumia Pwani, ndiyo kubwa.

Chukua maji ya kisima cha uani, au mtungi wa muuza maji wa mkokoteni usiyejua ameuteka wapi. Ukiyaogea, sabuni haitoi povu. Ukiyachemshia chai wiki mbili tatu, sufuria inafanya gamba jeupe. Gamba lilo hilo hujijenga ndani ya mirija ya rejeta, ambayo ni myembamba na bapa, haihitaji uchafu mwingi kuziba. Chumvi nayo hula alumini, na gari la siku hizi lina alumini kila mahali maji yanapopita: rejeta, hedi (kichwa cha injini), mara nyingi hata bloku (mwili wa injini) na ganda la pampu ya maji.

Mwongozo huu ni wa krosova zilizojaa barabarani kwetu: X-Trail, RAV4, CX-5, Forester, CR-V, Harrier, Tiguan na wenzao. Nyingi zilishuka bandarini Kilindini zikiwa tayari na umri wa miaka saba au minane, na hakuna ajuaye kulanti iliyomo ilitiwa lini. Kama hilo ndilo gari lako, hesabu kwamba muda wa kubadilisha umefika.

Kuchemka, na safari ya Nairobi

Usawa wa bahari, maji matupu huchemka kwa nyuzi 100 za Selsiasi. Mchanganyiko wa nusu maji na nusu ethilini glaikoli, kiini cha kulanti nyingi, hufika kama 107. Kifuniko cha rejeta nacho hufunga presha ndani, kwa kawaida kama baa 0.9 hadi 1.1, na hapo mchanganyiko huo hupita nyuzi 120 kabla ya kutokota. Injini yenyewe hufanya kazi kati ya nyuzi 85 na 100 hivi. Kwa hiyo mwenye maji matupu na kifuniko kilichochoka hana nafasi yoyote ya kupumua.

Ukipanda kwenda bara nafasi hiyo inapungua zaidi. Kila mita 300 unazopanda, kiwango cha kuchemka hushuka kama nyuzi moja. Nairobi, kwenye mita 1,700 hivi, sufuria ya maji huchemka karibu na nyuzi 94. Ndiyo maana gari ambalo halikulalamika siku zote kwenye foleni ya feri ya Likoni, kiyoyozi kikivuma, laweza kuanza kutoa mvuke siku ya safari, limejaa watu na mizigo, huku limepachikwa nyuma ya malori.

Kuchagua: soma herufi, rangi iache

Rangi ya kulanti ni rangi tu, imetiwa na kiwanda. Pinki ya Toyota na pinki ya Volkswagen si kitu kimoja. Kijani cha Mazda si kijani cha lile galoni la bei rahisi lililopangwa nje ya duka la spea. Kinachotofautisha ni dawa za kuzuia kutu zilizomo.

Watengenezaji wa Japani hupendelea dawa za fosfeti pamoja na asidi za kikaboni, bila silikati, kwa sababu silikati waliona inachakaza sili za pampu ya maji. Wazungu wa Ulaya walikwenda njia nyingine: fosfeti wakaikwepa, wengi wakatumia silikati. Sababu yao ni maji. Maji yenye chokaa nyingi yakikutana na fosfeti hufanya mashapo. Sasa jiulize maji yetu ya kisima yana nini. Gari la Kijapani lenye kulanti ya fosfeti, likiongezewa maji ya kisima cha Majengo kila Ijumaa, linapikiwa uji wa chokaa ndani ya rejeta. Usitafute mchawi.

Kwa ufupi: Toyota hutumia kulanti ya pinki ya muda mrefu, na yenyewe imeweka badiliko la kwanza kwenye kilomita 160,000, kisha kila 80,000. Ile nyekundu ya Toyota ya zamani ni nyingine, haidumu hivyo. Honda ni buluu, Aina ya 2. Subaru za miaka ya karibuni ni buluu pia. Nissan ni kijani kwa magari ya zamani na buluu kwa ya karibuni. Mazda CX-5 hudai kulanti yenye alama FL22, na herufi hizo utazikuta kwenye kifuniko chenyewe au karibu nacho. Tiguan tafuta G12++, G13 au G12evo, kulingana na mwaka wake.

Si lazima ununue ya kampuni ya gari. Kulanti nyingine nzuri zipo, mradi kopo liseme wazi inafaa magari gani na iwe na namba ya kiwango: JIS K 2234 cha Japani, au ASTM D3306 cha Marekani. Angalia pia asilimia ya glaikoli. Galoni lililoandikwa neno moja kubwa "coolant", picha ya rejeta, na basi, mimi hulihesabu kuwa maji ya rangi mpaka lithibitishe vinginevyo. Fundi mwenye kipimo cha refraktomita anaweza kukuthibitishia papo hapo: tone moja kwenye kioo, na mchanganyiko wa nusu kwa nusu utaonyesha karibu nyuzi 35 chini ya sifuri. Hatuna haja na hiyo baridi, ila kipimo ndicho hicho.

Kulanti huuzwa kwa namna mbili. Iko iliyochanganywa tayari, unamimina kama ilivyo, na iko nzito ambayo sharti uichanganye na maji. Usimimine ile nzito tupu ukidhani unalipendelea gari. Glaikoli peke yake hubeba joto vibaya kuliko maji, na injini itachemka haraka zaidi. Kwa Pwani, asilimia 40 hadi 50 yatosha. Chini ya 30 kinga ya kutu inakuwa ya jina tu.

Maji ya kuchanganyia yawe yaliyokenekwa, yale madukani huitwa maji ya betri. Tahadhari: kwenye rafu hiyo hiyo, kwenye chupa zinazofanana, hukaa asidi ya betri. Soma lebo, kisha mwambie muuzaji akusomee tena. Maji ya chupa ya kunywa ni afadhali kuliko ya kisima, lakini nayo mara nyingi yana madini.

Vitu vya kuandaa

Krosova nyingi hubeba lita 6 hadi 9. Kiasi cha gari lako kimo kwenye kitabu chake. Nunua kulanti ya kutosha na maji ya betri lita kumi. Tafuta beseni pana, faneli, koleo ya kubana klipu za hozi, spana na bisibisi za kufungulia plastiki ya chini ya injini, glavu, na dumu tupu lenye mfuniko la kuhifadhia ile chafu. Ukihitaji kuinua gari, liweke juu ya stendi. Jeki peke yake si ya kuingia chini yake.

Kama gari ni haibridi, la petroli na umeme pamoja, simama kwanza. RAV4 na Harrier za haibridi zina mzunguko wa pili wa kulanti kwa ajili ya kupoza inveta (kifaa kinachoendesha mota ya umeme), wenye chupa yake. Jua chupa ipi ni ya injini kabla hujafungua lolote, na ule wa inveta mwachie fundi wa haibridi.

Kumwaga

Fanya asubuhi, injini ikiwa imelala usiku kucha. Kifuniko cha rejeta yenye moto hakifunguliwi hata kwa kitambaa: presha ikitoka, maji yaliyokuwa yametulia yanageuka mvuke kwa mpigo mmoja na kukuvaa usoni na mikononi.

Egesha palipo sawa. Washa swichi bila kuwasha injini, peleka kidhibiti cha joto la ndani mwisho kabisa kwenye moto. Huenda ndiyo siku pekee katika mwaka hita ya gari la Mombasa itaguswa, lakini kwenye baadhi ya magari hiyo ndiyo inayofungua njia ya maji kwenda kwenye rejeta ndogo ya hita, na usipoifungua ile kulanti ya zamani inabaki humo. Kisha zima.

Fungua plastiki ya chini, weka beseni. Chini ya rejeta, pembeni, utaona kizibo cha kumwagia. Mara nyingi ni cha plastiki, chenye masikio kama kipepeo. Kizungushe kwa vidole, polepole. Plastiki iliyokaa miaka kumi kwenye joto huvunjika kwa dharau, na mtu mwenye plaizi na haraka ndiye huimaliza. Kikigoma kiache, legeza klipu ya hozi ya chini na umwage kupitia hapo. Kioevu kikianza kutoka, fungua kifuniko cha juu ili hewa iingie kitoke kwa kasi. Magari mengine hayana kifuniko kwenye rejeta, yana chupa ya presha tu, fungua hiyo. Mwaga pia chupa ya akiba. Nyingi huchomoka kwa boliti mbili, na chini yake hukaa tope.

Sasa tazama kilichomo kwenye beseni, maana hapo gari linakueleza habari zake. Kikiwa na rangi yake, kinang'aa, hakina chembe: umebahatika, endelea. Kahawia kama chai ya rangi ni kutu. Chembe nyeupe au unga ni chokaa ya maji magumu. Utelezi wa mafuta juu, au kitu kama maziwa yenye kakao, ni oili imeingia. Hapo usinunue kulanti mpya kwanza, tafuta kisa. Yaweza kuwa gasketi ya hedi, yaweza kuwa kipoza oili ya gia. X-Trail nyingi za gia ya CVT (otomatiki isiyo na hatua) hupitisha kulanti ya injini kwenye kipoza hicho, kwa hiyo uzembe wa kulanti hauishii kwenye injini.

Kuosha, na hesabu ambayo hurukwa

Ukimwaga kwa rejeta hutoi yote. Tuseme gari linabeba lita 8: beseni litapata kama 5, na 3 zitabaki kwenye bloku na kwenye hita. Hizo 3 ndizo huharibu hesabu.

Kama iliyotoka ilikuwa safi na ni ya aina ile ile unayotia, usioshe. Funga, tia mpya, basi. Iliyobaki haina madhara.

Kama ilikuwa chafu au hujui ni aina gani, jaza maji ya betri, washa injini mpaka hozi zote mbili za rejeta zipate moto, zima, acha ipoe kabisa, mwaga. Rudia mpaka yatoke safi, hayana rangi. Ni kazi ya siku nzima kwa sababu ya kungoja ipoe. Ndiyo maana gereji nyingi hutumbukiza mpira wa bomba na kumaliza kwa dakika kumi. Mpira wa bomba si dhambi kwa kuondoa tope la kwanza, lakini osho la mwisho liwe la maji ya betri, la sivyo umeacha lita 3 za chumvi ndani kisha unafungia.

Baada ya osho, ndani mna lita 3 za maji matupu. Ukijaza lita 5 za kulanti iliyochanganywa tayari, utapata mchanganyiko wa asilimia 31 hivi, si 50. Dawa yake ni kutumia ile nzito: tia lita 4 nzito kwanza, kisha lita 1 ya maji ya betri. Jumla 8, nusu kwa nusu. Kama ya gari lako inauzwa iliyochanganywa tu, njia ni kuliruka osho la maji na kubadilisha kwa kulanti yenyewe mara mbili: badiliko la kwanza linaacha theluthi na kidogo ya zamani, la pili linaacha asilimia 14. Ni ghali zaidi, lakini hesabu inakaa sawa.

Kuhusu themostati

Hapa utasikia fundi akikwambia, "Mzee, hii tuitoe, joto hili ya nini?" Mwambie airudishe. Themostati huzuia kulanti isiende kwenye rejeta mpaka injini ifike joto lake, mara nyingi huanza kufunguka kati ya nyuzi 76 na 88. Ukiitoa, injini huendeshwa ikiwa baridi, kompyuta inaongeza mafuta, na unalipa kwenye stesheni ya petroli. Baya zaidi, kwenye injini nyingi themostati ikifunguka huziba njia ya mkato inayorudisha maji kwenye injini. Bila hiyo, sehemu ya maji ya moto hupita mkato bila kufika kwenye rejeta, na gari lililotolewa themostati ili lipoe linachemka kwenye mlima. Kama imeharibika, weka mpya yenye namba ile ile ya nyuzi. Wakati mzuri ni sasa, mfumo ukiwa mtupu.

Kifuniko nacho kitazame. Mpira wake ukiwa umepasuka au umekauka, badilisha kwa chenye namba ile ile ya presha iliyopigwa juu yake. Ni kitu cha bei ndogo chenye kazi kubwa.

Kujaza na kutoa hewa

Funga kizibo cha chini kwa mkono, usikikaze kama nati ya gurudumu. Mimina polepole. Kila lita moja au mbili, minya hozi ya juu na ya chini kwa mkono. Utaona mapovu yakipanda na kiwango kikishuka. Kama injini ina skrubu ya kutolea hewa, ilegeze mpaka kioevu kitoke bila mapovu, kisha kaza.

Rejeta ikijaa, washa injini huku kifuniko kikiwa wazi na hita kwenye moto, kiyoyozi kimezimwa. Ongeza kiwango kinaposhuka. Baada ya dakika 10 hadi 20 themostati itafunguka: kiwango hushuka ghafla, hozi zote mbili zinakuwa za moto, na hewa ya moto inapuliza ndani ya gari. Ngoja feni iwake na kuzima, angalau mara moja. Kulanti ikianza kupanda mdomoni, zima na uiache ipoe, usiifunikie ikichemka. Hita ikipuliza baridi wakati injini imepata moto, kuna hewa imenaswa. Inua pua ya gari kidogo, kwenye mteremko wa mlango wa nyumba kwa mfano, urudie. Subaru ndizo sumbufu zaidi kwa hewa, usiwe na haraka nazo.

Gari la chupa ya presha pekee fuata kitabu chake. Mengine hutolewa hewa kifuniko kikiwa kimefungwa.

Mwisho jaza chupa ya akiba kati ya alama ya chini na ya juu. Ukijaza mpaka mdomoni, itamwagika ikipata moto, nawe utadhani kuna uvujaji.

Ile chafu, na paka

Ethilini glaikoli ni sumu, na ina ladha tamu. Mji huu una paka kila uchochoro, na mbuzi wa jirani hawako mbali. Kidimbwi kidogo kilichosahauliwa chini ya gari chatosha kuua paka. Funika beseni unapoondoka, mwagia maji mengi na usugue sakafu palipodondoka, na weka kulanti chafu kwenye dumu lililoandikwa, kamwe si kwenye chupa ya soda au ya maji ya kunywa, watoto wapo. Usiimwage chini wala shimoni: majirani zako wanateka visimani. Ipeleke gereji inayokusanya taka za magari, na usiichanganye na oili chafu.

Wiki mbili za kwanza

Angalia chupa ya akiba kila asubuhi injini ikiwa baridi. Kushuka kidogo siku za mwanzo ni hewa iliyokuwa imebaki. Kuendelea kushuka ni uvujaji, au kulanti inaungua ndani: moshi mweupe usioisha, mapovu kwenye rejeta, harufu tamu ndani ya gari. Usitie unga wa kuziba wala yai bichi kama wanavyofundishana njiani. Huziba tundu na mirija pamoja.

Krosova nyingi siku hizi hazina mshale wa joto, zina taa tu, na taa nyekundu ikiwaka injini tayari iko pabaya. Kisomeo kidogo cha OBD, cha kusoma kompyuta ya gari, kinachoungana na simu kitakuonyesha nyuzi zenyewe. Panda nacho kutoka Miritini hadi Mazeras na mzigo wa kawaida ndipo upange safari ndefu.

Likichemka njiani, tuseme Maungu au Mackinnon Road, zima kiyoyozi, egesha, zima injini, subiri ipoe kabisa ndipo ufungue. Hapo tia maji yoyote safi utakayopata, hata ya kisima. Kufika ni bora kuliko kupasua hedi. Ila ukifika, mwaga yote uoshe upya wiki hiyo hiyo.

Andika kwenye kipande cha plasta aina ya kulanti, tarehe na kilomita, ukibandike karibu na kifuniko. Fundi atakayefungua boneti baada yako, mtungi mkononi, atakiona kabla hajamimina. Kulanti za muda mrefu zifuate kilomita za mtengenezaji. Ile ya kawaida ya kijani ibadilishe kila miaka miwili.